Damu Puani si Lazima Iwe Sumu: Kuyaelewa Magonjwa ya Kupe kwa Mbwa wa Dar es Salaam

Asubuhi moja ya mwezi wa Mei, mvua za masika zikiwa zinaelekea ukingoni, mlinzi wetu huku Goba alinigongea dirisha kabla adhana ya alfajiri haijamalizika. "Mama, Simba anatoka damu puani. Wamemlisha sumu." Nilipotoka na tochi nilimkuta mbwa amelala pembeni mwa banda, kidevu juu ya miguu ya mbele, na chini ya pua yake, kwenye sakafu ya saruji, kulikuwa na doa la damu lililokuwa likipanuka tone baada ya tone, jepesi na jekundu kama juisi ya rozela, bila dalili yoyote ya kuganda.

Mtaani kwetu mbwa akitokwa damu au akifa ghafla, wazo la kwanza ni wezi, na wazo hilo si la kipuuzi, kwa kuwa wezi huwarushia mbwa nyama yenye sumu kweli na wengi wetu tumeshapoteza mbwa kwa njia hiyo. Simba, hata hivyo, hakuwa amelishwa kitu. Alikuwa na ugonjwa ulioingia mwilini mwake miezi mingi kabla ya asubuhi ile, ulioletwa na kupe ambaye huenda hakuna mtu aliyemwona, na uliokaa kimya wakati sisi tukimsifu kwamba ananawiri. Tangu siku hiyo nimejifunza mengi kutoka kwa daktari wa mifugo aliyemtibu, na nimesoma kila nilichoweza kukipata. Ninayaeleza hapa kwa kirefu kwa sababu ninaamini mbwa wengi wa jiji hili wanazikwa kwa jina la sumu ilhali kilichowaua kinatambaa ukutani mwa banda.

Kupe hanyonyi tu

Kiswahili kinamfahamu kupe vizuri, lakini kinamfahamu kwa upande mmoja. Mtu asiyebanduka tunasema ameng'ang'ania kama kupe, na katika miaka ya Ujamaa aliyeishi kwa jasho la wenzake aliitwa kupe, sambamba na mnyonyaji na bepari. Picha hiyo imetufanya tuamini kwamba hasara ya kupe ni damu anayoifyonza, na kwa hiyo mbwa mwenye kupe wawili watatu tunamwona hana tatizo. Ukweli ni kwamba damu inayochukuliwa na kupe wachache ni kidogo sana kwa mbwa mzima. Kinachodhuru ni mate. Kupe akishazamisha mdomo wake kwenye ngozi, huvuta damu na kurudisha mate kwa zamu, mate yenye viini vya kuizuia damu isigande na kuifanya ngozi isihisi, na ndani ya mate hayo ndimo vijidudu vya maradhi husafiria.

Waliokulia kwenye ng'ombe hawatashangaa. Wanaijua ndigana kali, ndigana baridi, maji moyo na ule ugonjwa wa kukojoa damu, na wanajua kwamba yote hayo huletwa na kupe. Kwa mbwa mambo ni yale yale chini ya majina mengine: bakteria anayesababisha maji moyo kwa ng'ombe na mbuzi ana ndugu yake wa karibu anayeshambulia mbwa, na kidudu cha babesia kinachomfanya ng'ombe akojoe damu kina ndugu zake wanaofanya hivyo hivyo kwa mbwa. Elimu hii wala si ngeni hapa Dar es Salaam. Mwaka 1893 watafiti wawili wa Marekani, Theobald Smith na Frederick Kilborne, walichapisha uthibitisho kwamba homa ya Texas ya ng'ombe, ndiyo hiyo ya kukojoa damu, huenezwa na kupe, na miaka michache baadaye, kati ya 1897 na 1898, Mjerumani Robert Koch alikuwa katika mji huu akiichunguza homa hiyo hiyo pamoja na malaria na maradhi mengine ya watu na mifugo. Ng'ombe walijengewa majosho. Mbwa, ambaye hana nyama ya kuuza wala maziwa, alibaki nyuma.

Nitenganishe jambo moja kabla ya kuendelea. Papasi, ambaye babu zetu walimwogopa kwa homa yake ya kurudiarudia, ni kupe laini anayejificha kwenye nyumba za udongo na kuuma watu usiku kwa muda mfupi kisha kukimbia. Ninayemzungumzia hapa ni kupe mgumu, anayekaa juu ya mbwa kwa siku kadhaa.

Kupe asiyehitaji pori

Kupe wengi wanaokutwa kwa mbwa wa mjini ni wa aina moja, kupe wa kahawia wa mbwa, ambaye wataalamu humwita Rhipicephalus sanguineus. Sifa inayomtofautisha na wenzake ni kwamba anaweza kuzaliwa, kukua, kuzaa na kufa ndani ya uzio mmoja, hata ndani ya chumba kimoja, mradi kuna mbwa na kuna ufa.

Kupe jike akishashiba huvimba hadi kufanana na mbegu ya mnyonyo, ile inayokamuliwa mafuta ya nyonyo. Mfanano huo waliuona hata Warumi wa kale, ambao mmea na mdudu waliviita kwa neno moja, ricinus. Hapo jike huiachia ngozi na kuanguka, na badala ya kuelekea kwenye majani huanza kupanda juu, akitafuta ufa wa ukuta, kona ya bati au mwanya wa mbao, na humo hutaga mayai elfu moja hadi elfu nne hivi, kisha hufa. Mayai huanguliwa baada ya wiki chache na kutoa lava wenye miguu sita, wadogo kama nukta ya kalamu. Lava humpanda mbwa, hula kwa siku kadhaa, huanguka, hurudi ufani na kujivua ngozi akawa tunutu mwenye miguu minane. Tunutu naye humpanda mbwa, hula, huanguka, na kujivua akawa kupe kamili, ambaye humpanda mbwa kwa mara ya tatu. Katika joto la pwani mzunguko huo wote unaweza kukamilika kwa takriban miezi miwili, na hapa kwetu hakuna baridi ya kuukatiza, kwa hiyo vizazi hufuatana mwaka mzima. Kupe aliyekosa mbwa naye hafi upesi, kwani aliyekomaa anaweza kusubiri ukutani miezi mingi bila kuonja tone la damu.

Mambo mawili yanatokana na maelezo hayo, na ningemwomba msomaji ayashike hata kama mengine atayasahau. La kwanza ni kwamba wakati wowote ule sehemu kubwa mno ya kupe wa nyumba yako hawako juu ya mbwa. Wako kwenye mayai, wako ufani wanajivua, wako ukutani wanasubiri. Mbwa mliyemkuta na kupe kumi ameonyesha kupe kumi waliofika kileleni tu. La pili ni kwamba ugonjwa hauhitaji kuletwa upya kutoka nje kila mara. Lava au tunutu akila kwa mbwa mgonjwa huyabeba maradhi hadi hatua inayofuata ya maisha yake na kuyaacha kwa mbwa atakayemuuma, na kwa upande wa babesia, jike huirithisha hata kupitia mayai. Mbwa mmoja mgonjwa, ukuta mmoja wenye nyufa, na mzunguko umekamilika ndani ya geti lililofungwa.

Tazama sasa jinsi tunavyowafuga mbwa wa ulinzi. Mchana kutwa mbwa yuko bandani, anafunguliwa usiku. Banda limejengwa kwa tofali za saruji ambazo hazikupigwa lipu kwa sababu "ni la mbwa tu", juu lina bati lililokalia mbao, na chini kuna gunia au godoro kuukuu. Hatungeweza kumjengea kupe makao mazuri zaidi ya hayo. Watu wengi hufyeka majani ya uani kila mwezi wakidhani wanawaondoa kupe, na kufyeka kunasaidia dhidi ya aina nyingine, akiwemo kupe wa manjano wa mbwa, ambaye watoto wake huishi kwa panya na anapatikana zaidi kwenye vichaka. Lakini kwa huyu wa kahawia, tunafyeka majani na kuuacha ukuta.

Erlikia, ugonjwa unaojua kusubiri

Ugonjwa uliompata Simba unaitwa erlikia, unaosababishwa na bakteria Ehrlichia canis. Ulielezwa kitaalamu kwa mara ya kwanza nchini Algeria mwaka 1935, na ukapata umaarufu wakati wa vita vya Vietnam, ambako mbwa wengi wa jeshi la Marekani, hasa wa aina ya German Shepherd, walikufa wakitokwa damu puani. Aina hiyo ya mbwa mpaka leo inajulikana kwa kuugua vibaya kuliko nyingine, jambo linalotuhusu sana kwa vile ndiyo inayopendwa kwa ulinzi katika jiji hili.

Bakteria huyu huingia ndani ya chembe nyeupe za damu, yaani askari wenyewe wa mwili, na kuzaliana humo. Wiki moja hadi tatu baada ya kuumwa na kupe, mbwa huingia katika kipindi cha kwanza. Anapata homa, anachoka, hamalizi chakula, tezi zake za chini ya taya na nyuma ya magoti zinavimba, na pengine macho yanatoa tongotongo. Ndani ya damu, chembe sahani, ambazo kazi yake ni kuziba mahali palipotoboka, zinapungua. Mtu asiye makini atasema mbwa ana mafua au amekula kitu kibaya. Baada ya wiki mbili hadi nne mbwa wengi wanapata nafuu bila dawa yoyote, nasi tunashukuru Mungu na kusahau.

Hapo ndipo penye mtego. Baadhi ya mbwa huwa wameushinda ugonjwa kabisa, lakini wengine wameingia kipindi cha pili, cha ukimya, ambacho huweza kudumu miezi au hata miaka. Mbwa anakula, anabweka, anakimbia hadi getini. Mlinzi hana la kuripoti. Kipimo cha damu tu ndicho kingeonyesha kwamba chembe sahani ziko chini kidogo kuliko inavyotakiwa. Katika kipindi hicho bakteria amejificha, hasa kwenye bandama, na kupe anayemuuma mbwa huyo bado anaweza kuuchukua ugonjwa.

Kipindi cha tatu hakiwapati mbwa wote, na hakuna anayeweza kutabiri kitampata nani. Uboho wa mifupa, ambao ndio kiwanda cha damu, unaanza kushindwa kazi. Chembe nyekundu, nyeupe na sahani zote zinashuka kwa pamoja. Mbwa anakonda, fizi zinapauka, vidoa vidogo vyekundu vinaonekana tumboni na ndani ya mdomo, macho yanaweza kuwa na ukungu au kuvilia damu, na pua inatoka damu isiyotaka kuganda. Mbwa akifika huko uboho ukiwa umeharibika kabisa, matumaini ni madogo hata kwa daktari mzuri na dawa sahihi. Kwa hiyo tunapoona damu tunaona mwisho wa hadithi na kudhani ni mwanzo wake. Namshukuru Mungu kwamba kwa Simba damu ya puani ilitangulia kabla uboho haujakauka.

Babesia na wengine

Babesia haina subira ya namna hiyo. Kidudu hiki huingia ndani ya chembe nyekundu za damu, huzaliana, huzipasua na kuhamia nyingine, kwa hiyo mbwa anaweza kuwa mzima Jumatatu na kushindwa kusimama Ijumaa. Homa hupanda sana, fizi huwa nyeupe kama karatasi au hugeuka manjano, bandama huvimba, pumzi huwa za haraka, na mkojo hubadilika rangi kuwa mwekundu au wa kahawia kama chai ya rangi iliyokolea. Rangi hiyo ya mkojo, kwa mbwa anayekojoa kwenye mchanga au majani, haionekani kirahisi. Inafaa umtoe mbwa unayemtilia shaka kwenye saruji au umwekee karatasi nyeupe chini. Zipo aina kadhaa za babesia. Inayoenezwa na kupe wa kahawia huwa nyepesi kwa mbwa wazima ingawa huwaua watoto, na inayoenezwa na kupe wa manjano katika Afrika Mashariki na Kusini ni kali zaidi kuliko zote.

Anaplasma ya mbwa hushambulia chembe sahani zenyewe na mara nyingi huandamana na erlikia. Hepatozoa ni ya ajabu kidogo, kwa kuwa mbwa haipati kwa kuumwa bali kwa kummeza kupe, mathalani anapojing'ata na kujisafisha. Mbwa mmoja anaweza kubeba mawili au matatu ya maradhi haya kwa pamoja, kwa sababu kupe mmoja huweza kubeba zaidi ya moja, na hilo linaeleza kwa nini mbwa anayetibiwa moja wakati mwingine haponi.

Kumtazama mbwa kabla damu haijatoka

Daktari alipofika alipiga magoti pale pale sakafuni na kuniambia, "Mama, mfunue mdomo uone." Akabonyeza fizi kwa kidole gumba, akaachia. Fizi ya mbwa mzima huwa ya waridi, na mahali palipobonyezwa rangi hurudi ndani ya sekunde mbili. Ya Simba ilikuwa imepauka, na juu yake kulikuwa na vidoa vyekundu vidogo kama vya mchomo wa sindano, ambavyo havikutoweka vilipobonyezwa. Miaka mitano nimemlisha mbwa yule kwa mkono wangu, na sikuwahi kuitazama fizi yake.

Ni jambo la dakika moja na halina gharama. Mara moja kwa wiki funua mdomo, tazama fizi. Pitisha vidole chini ya taya na nyuma ya magoti ukitafuta tezi zilizovimba. Tazama ngozi ya tumbo. Kipimajoto cha kawaida cha duka la dawa, kikipakwa mafuta kidogo na kuingizwa taratibu njia ya haja kubwa, kitakuonyesha kama kuna homa. Joto la kawaida la mbwa ni kati ya nyuzi 38 na 39.2 hivi, juu kuliko letu, na likizidi 39.5 mbwa akiwa ametulia kivulini ni homa. Kugusa pua kama ina ubaridi hakupimi chochote.

Kuhusu sumu, tofauti zipo na zinasaidia, ingawa uamuzi ni wa daktari. Sumu za kuulia wadudu wa mazao, ambazo ndizo wezi huzipata kirahisi, hufanya kazi kwa dakika au saa chache, na mbwa hutoa mate mengi, hutetemeka, huharisha, huanguka kifafa. Hakuna wiki za kukonda kabla yake. Sumu ya panya ya aina ya kuzuia damu kuganda ndiyo inayochanganya zaidi, kwa maana nayo husababisha kutokwa damu, siku mbili hadi tano baada ya kuliwa. Hiyo haiangushi chembe sahani kama erlikia inavyofanya, kwa hiyo kipimo cha damu hutenganisha mambo. Mwambie daktari ukweli wote, pamoja na kama mmeweka sumu ya panya stoo.

Vipimo vyenyewe vina mipaka yake. Tone la damu kwenye kioo cha hadubini likichukuliwa ncha ya sikio huweza kuonyesha babesia waziwazi, lakini bakteria wa erlikia huonekana kwa mbwa wachache tu na katika kipindi cha kwanza. Vipimo vya haraka vinavyotoa mstari kama vile vya ujauzito hutafuta kingamwili, yaani viini ambavyo mwili hutengeneza kupambana na ugonjwa. Kingamwili huchelewa kutokea, kwa hiyo kipimo cha wiki ya kwanza huweza kusema hapana wakati ugonjwa upo, na hubaki muda mrefu baada ya kupona, kwa hiyo huweza kusema ndiyo wakati ugonjwa umekwisha. Ndiyo sababu daktari makini hukisoma kipimo hicho pamoja na hesabu ya chembe za damu na hali ya mbwa. Kwa jambo lililoshindikana kliniki, sampuli huweza kupelekwa maabara, na makao makuu ya Wakala wa Maabara ya Veterinari Tanzania yako hapa hapa Temeke, mahali ambapo hata kituo cha daladala kimerithi jina la Veterinari.

Matibabu, kwa ufupi

Erlikia hutibiwa kwa doksisaiklini kwa siku 28 mfululizo, kwa kipimo kinachofuata uzito wa mbwa. Vidonge hutolewa pamoja na chakula, maana kidonge kikikwama kooni huchoma. Mbwa aliye katika kipindi cha kwanza huchangamka ndani ya siku moja au mbili, na hapa ndipo watu wengi huharibu: siku ya tano mbwa anaruka ruka, na vidonge vilivyobaki vinawekwa kabatini "kwa ajili ya siku nyingine". Siku hiyo nyingine huja, na huja na kipindi cha tatu. Babesia haiponi kwa doksisaiklini peke yake. Huhitaji sindano maalumu, aghalabu ya imidokabu, ambayo huuma na huweza kumfanya mbwa atoe mate na kutapika. Sindano za ng'ombe zinazouzwa kwenye maduka ya dawa za mifugo zisichomwe na mlinzi wala na kijana wa dukani, kwa kuwa katika baadhi yake umbali kati ya kipimo kinachoponya na kinachoua mbwa ni mdogo sana. Mbwa aliyepungukiwa damu mno huhitaji kuongezewa damu ya mbwa mwenzake. Na aliyepona hana kinga ya kudumu, wala hatuna chanjo ya erlikia ya kumpa. Anaweza kuumwa tena na kuugua upya.

Kinga ya mbwa, na kinga ya ukuta

Bakteria wa erlikia huweza kupita kwa mbwa ndani ya saa chache tu tangu kupe ang'ate, tofauti na babesia ambayo kwa kawaida huhitaji siku moja au zaidi. Kwa sababu hiyo kutoa kupe kwa mkono kila Jumapili, ingawa ni kuzuri, hakutoshi. Kinachohitajika ni dawa inayokaa mwilini mwa mbwa bila kukatika, mwaka mzima, kiangazi na masika. Siku hizi kuna vidonge vya kutafuna vinavyofanya kazi mwezi mmoja, na vingine hadi wiki 12. Vinaua kupe vizuri sana, lakini kupe lazima ang'ate kwanza, na mbwa mwenye historia ya kifafa asipewe bila daktari kujua. Kuna kola zenye dawa ya kufukuza na kuua, ambazo nzuri zake hudumu miezi kadhaa, na kuna dawa za matone ya mgongoni. Kwa erlikia, dawa inayomfukuza kupe kabla hajang'ata ina faida ya ziada, na mahali penye kupe wengi baadhi ya madaktari huchanganya kola na kidonge.

Dawa za kuogeshea ng'ombe, hasa zenye amitrazi, zinatumika sana kwa mbwa kwa sababu bei yake ni nafuu, na siwezi kumlaumu mwenye kipato kidogo kwa kuzitumia. Ila zipimwe kwa bomba la sindano kama lebo inavyoelekeza, si kwa kifuniko wala kwa kukadiria, na zisitumiwe kwa watoto wa mbwa wala mbwa mgonjwa. Oili chafu, mafuta ya taa na dizeli ni ukatili: vinachoma ngozi, na mbwa akijilamba vinaingia tumboni na kwenye mapafu. Nyumba yenye paka iwe na tahadhari zaidi, kwani pamethrini, dawa ya kuua wadudu ambayo mbwa huivumilia, humuua paka.

Kupe unayemwona atolewe kwa kibano kilichoshikwa karibu kabisa na ngozi, akavutwa wima polepole bila kunyongwa. Asichomwe kwa kiberiti, asipakwe mafuta, na zaidi ya yote asipasuliwe kwa kucha, kama tulivyozoea kufanya, kwa sababu kupe huyu huweza kubeba pia bakteria wa homa za vipele kwa binadamu, na damu yake ikiingia kwenye mchubuko au jichoni ni njia wazi. Mtumbukize kwenye chupa ndogo ya spiriti, kisha unawe. Tafuta ndani ya masikio, katikati ya vidole, chini ya mkanda wa shingo, kwapani na chini ya mkia.

Kisha uende ukutani. Magunia na godoro kuukuu vichomwe moto. Banda lipulizwe dawa iliyoruhusiwa kwa mabanda, kuanzia sakafuni hadi kwenye bati, kila kona na kila ufa, mbwa akiwa ameondolewa hadi pakauke, na anayepuliza akiwa na glovu na kitambaa usoni. Dawa nyingi haziui mayai, kwa hiyo kazi hurudiwa baada ya wiki mbili hivi, na tena, mpaka tochi ya jioni isionyeshe kitu. Mbwa mpya, hata akiwa zawadi ya ndugu, akae mbali na wenzake kwanza, apewe dawa ya kupe na apimwe damu kabla ya kulazwa bandani.

Sisi tuliamua kulipiga banda lipu. Ilikuwa wiki ya nne ya vidonge vya Simba, chembe sahani zilikuwa zimerudi karibu na kiwango, na fundi alianza kwa kuzikwangua tofali kwa patasi ili saruji ishike. Kwenye kona ya juu, chini kidogo ya bati, kipande kikubwa cha mota kilibanduka, na nyuma yake palikuwa na fungu la vijipunje vya kahawia vinavyong'aa, vidogo kuliko ulezi, vimeshikamana kama vilivyogundishwa. Fundi alisogeza uso. "Mama, hizi mbegu za nini?" Nilimwambia asiziguse, nikaingia jikoni kuchemsha maji.